Farasi wa Utalii Pwani: Nani Anamlisha Mwezi wa Mei?

Picha zote hufanana: mgeni juu ya farasi, maji ya kupwa yakilamba kwato, minazi nyuma yake na jua linatua. Hoteli huzitumia kujitangaza, mgeni huwatumia jamaa zake, na hapo ubishi huanza. Mmoja atasema mnyama anateswa juani. Mwingine atajibu kwamba hiyo ni ajira ya vijana, na mwenye huruma aanze na binadamu. Wa tatu, ambaye mara nyingi ni mwenyeji wa kijiji chenyewe, atauliza swali ambalo wenzake wawili hawaligusi: ni nani aliyeruhusu farasi kupita hapa?

Ubishi huu haufiki popote kwa sababu kila mmoja anazungumzia jambo lake. Kuna afya ya mnyama, kuna hesabu ya biashara, na kuna haki ya kuutumia ufuo. Haya matatu hukutana kwenye farasi mmoja, lakini kila moja lina ushahidi wake, na anayeshinda kwenye moja anaweza kushindwa vibaya kwenye jingine. Uchambuzi huu unaangalia matembezi ya farasi yanayoongozwa katika pwani yetu, Diani na Unguja hasa, na kuazima mifano ya Msumbiji, Afrika Kusini na Uingereza pale inaposaidia.

Kwa nini pwani yetu haikuwa na farasi

Punda amebeba mawe, maji na mizigo ya Waswahili kwa karne nyingi. Farasi alikuwa mnyama wa mashua na wafalme: aliletwa kutoka Uarabuni, akatunzwa na wachache, akafa mapema. Sayyida Salme, binti wa Seyyid Said, Sultani wa Zanzibar, katika kumbukumbu zake zilizochapishwa Ujerumani mwaka 1886, anaeleza jinsi watoto wa Sultani, wavulana kwa wasichana, walivyofundishwa kupanda wanyama kwenye jumba la Mtoni, Unguja. Huo ulikuwa ulimwengu wa jumba la kifalme. Mtu wa kawaida hakuwa na farasi, wala hakumhitaji.

Sababu kubwa ilikuwa maradhi. La kwanza ni nagana, inayoenezwa na mbung'o, na farasi huathirika nayo vibaya kuliko mifugo mingi. La pili ni maradhi ya farasi ya Afrika, yanayoletwa na virusi vya aina tisa na kuenezwa na usubi, wale wadudu wadogo wanaouma kuanzia magharibi hadi alfajiri. Farasi ambaye hajawahi kukutana na virusi hivyo wala kuchanjwa ana nafasi ndogo sana ya kupona. Katika baadhi ya milipuko hufa tisa kati ya kumi. Huko Rasi ya Tumaini Jema, Afrika Kusini, mlipuko wa mwaka 1854 hadi 1855 uliua farasi karibu 70,000. Thailand, nchi iliyokuwa haijawahi kuyaona maradhi hayo, ilipoteza mamia ya farasi mwaka 2020. Pundamilia hubeba virusi hivyo bila kuugua, na punda wa Afrika hustahimili. Kwa hiyo ukimwona punda wa Lamu ana nguvu zake, usidhani farasi naye ataweza kuishi hapo vivyo hivyo.

Hali hiyo imebadilika, lakini kwa namna isiyo sawa kila mahali, na hapa ndipo mjadala mwingi hupotea. Unguja iliondokana kabisa na mbung'o. Kati ya mwaka 1994 na 1997 madume zaidi ya milioni 8 yaliyofanywa tasa, yaliyozalishwa Tanga, yalimwagwa kutoka angani. Mbung'o wa mwitu wa mwisho alinaswa mwaka 1996. Kwale, kaunti ya Kenya iliyo na Diani, haikupata bahati hiyo. Misitu ya Shimba Hills, iliyo juu kidogo ya fukwe za Diani, inajulikana kuwa makao ya mbung'o. Matokeo yake yanashangaza: Unguja, kumpeleka farasi ndani mashambani si hatari kwa upande wa mbung'o, lakini Diani, mandhari ya kijani iliyo nyuma ya ufuo ndiyo ya kuogopwa. Ushauri unaofaa upande mmoja wa bahari unaweza kumuua farasi upande wa pili.

Wanaosema waachwe wafanye kazi

Hoja yao ina uzito kuliko wapinzani wao wanavyokubali. Mgeni wa pwani hulipia kitanda, chakula na ndege, na sehemu kubwa ya fedha hiyo haishuki hadi kijijini. Matembezi ya farasi yanahitaji saisi, mkata majani, fundi wa kwato, daktari wa mifugo na kijana anayeijua njia, na kazi hizo haziwezi kufanywa kutoka mbali. Farasi pia hana injini. Ukimlinganisha na pikipiki za magurudumu manne zinazokatiza vijiji kwa vumbi na kelele, farasi ni jirani mwema.

Ipo hoja nyingine isiyosemwa sana. Farasi humfikisha mgeni mahali ambapo basi la hoteli halifiki, na humpitisha kwa mwendo unaomruhusu kusalimia. Kaskazini ya mji wa Zanzibar, kuanzia Mtoni na Bububu kuelekea Mangapwani, kuna minazi, mikarafuu, magofu na bahari inayoonekana kwa mbali. Njia kama hiyo inauza historia ya mahali badala ya kuuza mchanga mweupe, ambao mgeni angeupata hata Maldives.

Udhaifu wao ni kwamba wanamhesabu farasi kama mtambo. Pikipiki ya kukodisha ikikosa wateja huegeshwa. Farasi mwenye uzito wa kilo 450 anakula kiasi cha kilo 9 za majani makavu kila siku, na kwenye joto hunywa lita 40 za maji au zaidi, awe amefanya kazi au hakufanya. Anaweza kuishi miaka 25. Anayenunua farasi leo kwa sababu msimu huu ni mzuri ameahidi kulipia misimu ishirini ambayo hajaiona.

Wanaotaka marufuku

Hawa huanza na macho yao: farasi aliyekonda, kidonda chini ya tandiko, mnyama amesimamishwa juani saa nane mchana akisubiri mteja. Wanachokiona ni kweli. Joto la pwani huja na unyevu, na unyevu huzuia jasho kukauka. Farasi, ambaye kama binadamu hupoza mwili kwa jasho, huzidiwa haraka. Tena kilele cha wageni, kuanzia Desemba hadi Februari, huangukia kaskazi, wakati wa joto kali kuliko wakati wote.

Uzito wa wageni ni tatizo jingine. Kipimo kinachotumiwa na wengi ni kwamba farasi asibebe zaidi ya asilimia 20 ya uzito wake, tandiko likiwemo. Kwa farasi wa kilo 450, hiyo ni kilo 90. Ukitoa tandiko, wanaume wengi wanaoshuka kwenye ndege za watalii hawafai kumpanda, na hakuna mwongozaji anayefurahia kumwambia mteja aliyekwisha kutoa fedha kwamba ni mzito mno. Kwa kawaida hamwambii.

Marufuku, hata hivyo, ina tabia ya kuwaumiza wale wale inaotaka kuwaokoa. Farasi aliyeko Unguja au Diani hawezi kupelekwa Uarabuni wala Ulaya kirahisi. Kwa kuwa ametoka eneo lenye maradhi yaliyotajwa, masharti ya karantini ni magumu na gharama yake hupita thamani ya mnyama. Akipigwa marufuku kufanya kazi, atalishwa na nani? Wanaopigia debe marufuku wanadai kibali kifutwe bila kusema majani yatatoka wapi kesho yake asubuhi.

Kanuni: mfano wa Blackpool

Wanaosimama katikati hutaka kanuni, na mfano wao mzuri ni wa zamani kuliko wengi wanavyodhani. Mji wa Blackpool, kaskazini-magharibi ya Uingereza, uliweka kanuni za punda wa ufukweni mwaka 1942. Punda hufanya kazi kuanzia saa nne asubuhi hadi saa moja jioni, hupumzika saa nzima mchana, na hupewa siku moja ya mapumziko kwa wiki. Tena siku hiyo ni Ijumaa, jambo ambalo msomaji wa Zanzibar ataliona kwa tabasamu. Kuna ukaguzi wa daktari wa mifugo, na mpandaji akizidi takriban kilo 50 haruhusiwi, kwa hiyo wapandaji ni watoto.

Huku kwetu sheria za jumla zipo. Tanzania Bara ina Sheria ya Ustawi wa Wanyama ya mwaka 2008. Kenya ina Sura ya 360 inayokataza ukatili, pamoja na kumbebesha mnyama kupita uwezo wake. Pengo liko kati ya sheria hizo na mchanga. Sheria inakataza ukatili, lakini askari wa ufukweni hana mizani, hana orodha ya farasi, hana saa iliyoandikwa ya kuanza na kumaliza kazi. Kanuni ya Blackpool inafanya kazi kwa sababu inaweza kuthibitishwa na mtu yeyote anayepita: je, leo ni Ijumaa? Kanuni inayosema "mnyama atunzwe ipasavyo" haithibitishwi na yeyote.

Udhaifu wa msimamo huu ni gharama za usimamizi. Kwa farasi wachache, halmashauri haitaajiri mkaguzi. Na kibali kikiwa cha kampuni badala ya mnyama mmoja mmoja, farasi aliyechoka hubadilishwa na mwingine aliyechoka zaidi huku karatasi ikibaki ile ile ukutani.

Kupwa na kujaa

Jambo linalosahaulika zaidi ni maji. Mchanga mkavu wa juu ni tifutifu na hukaza kano za miguu. Farasi akikimbizwa shoti humo huumia. Mchanga unaomfaa ni ule mgumu, wenye unyevu, unaobaki maji yakipwa. Hoteli hutangaza matembezi ya machweo kila siku saa kumi na moja. Bahari haifuati ratiba hiyo. Kupwa husogea karibu dakika hamsini kila siku, na wakati wa bamvua, siku ambazo maji hujaa na kupwa sana, katika pwani hii maji hujaa kiasi cha saa kumi jioni na kupwa kiasi cha saa nne asubuhi. Maana yake ni kwamba siku za bamvua, saa ya picha nzuri ndiyo saa ambayo maji yamemsukuma farasi kwenye mchanga tifutifu, na wakati wa mchanga mgumu ni asubuhi jua likianza kuchoma.

Mchanga wa saa nne asubuhi, isitoshe, una wenyewe. Paje, Jambiani na Bwejuu, vijiji vya mashariki ya Unguja, kupwa kwa bamvua ni saa ya wanawake: wanaingia kwenye mashamba ya mwani, kilimo kilichoanza kibiashara Zanzibar mwishoni mwa miaka ya 1980, wengine wanachokoa pweza, wengine wanafukua makumbi. Vigingi na kamba za mwani haviwezi kuhimili kwato. Mwenyeji anayeuliza nani aliruhusu farasi hana chuki na mnyama. Anaulizia shamba lisilo na ua.

Juu ya mstari wa maji nako kuna kasa. Hutaga kwenye mchanga mkavu ambao mwongozaji huukimbilia maji yakijaa. Kwato hushindilia mchanga juu ya mayai, na alama zake za kina huwa mashimo kwa kifaranga anayetafuta bahari. Watamu, Kenya, kasa wana watu wa kuwalinda na hifadhi ya bahari tangu mwaka 1968. Fukwe nyingine hazina hata mtu wa kuweka kijiti kwenye kiota. Suala la kinyesi nitalitaja kwa ufupi: kinaweza kubeba vimelea vya pepopunda, na pwani watu hutembea pekupeku. Mfuko na sepetu vinamaliza tatizo, vikitumika.

Hesabu ya masika

Ukiyaweka haya pamoja unaona chanzo cha mateso mengi, na si ukatili wa mtu. Aprili na Mei mvua za masika hunyesha, hoteli nyingi hupunguza kazi au hufunga, na fedha hukauka. Wakati huo huo maji yaliyotuama huzaa usubi, na hatari ya maradhi hupanda. Gharama ya farasi ni kubwa kabisa katika miezi ambayo hazalishi kitu. Kwa miezi hiyo miwili farasi mmoja anakula zaidi ya nusu tani ya majani makavu; farasi kumi, zaidi ya tani tano. Pwani ya mashariki ya Unguja ni maweni: udongo haba, malisho kidogo, na maji matamu ambayo vijiji na hoteli tayari vinagombania. Majani lazima yatoke mbali. Mwenye farasi asiye na akiba hupunguza chakula kwanza, halafu chanjo, na Juni mgeni anakuta mifupa.

Mambo makubwa huja pia. Kenya ilisimamisha ndege za abiria za kimataifa kwa sababu ya korona kuanzia tarehe 25 Machi hadi 1 Agosti 2020. Farasi hawakusimamisha kula. Huko Vilanculos, Msumbiji, matembezi mashuhuri ya farasi kwenye vilima vya mchanga vinavyotazama visiwa vya Bazaruto yalianzishwa na familia ya wakulima iliyotoka Zimbabwe na wanyama wake baada ya kupoteza ardhi. Ni mfano unaosifiwa, na unastahili. Lakini Februari 2023 kimbunga Freddy kilitua kwenye pwani hiyo hiyo, na baada ya uchaguzi wa Oktoba 2024 vurugu ziliwafukuza watalii nchi nzima. Biashara inayomtegemea mgeni peke yake huwa na njaa mbele yake, ila haijulikani ni lini.

Farasi wa nani?

Pwani ya Pondoland, Afrika Kusini, ilijaribu njia nyingine mwishoni mwa miaka ya 1990. Njia ya Amadiba, kati ya mito ya Mzamba na Mtentu, ilitumia farasi wa wanakijiji. Kila mnyama alikuwa na mwenyewe, aliyelipwa kwa siku ambazo mnyama wake amefanya kazi; waongozaji, wapishi na wavushaji walikuwa wa hapo hapo. Mgeni asipokuja, farasi alirudi malishoni na kwenye shughuli za kaya. Hakuna zizi lililobaki na vinywa kumi na deni la majani. Pwani hiyo hiyo baadaye iligombaniwa na mradi wa kuchimba titani, na wenyeji waliopinga walikuwa na hoja mkononi: ardhi hii tayari inatulisha.

Njia ya Amadiba ilikuwa na kasoro zake. Farasi wa watu tofauti hutofautiana afya na tabia, na usimamizi ulipotoka mikononi mwa kijiji kwenda kwenye miradi mikubwa ya wafadhili, mambo yalidorora. Zaidi ya hayo, Wapondo walikuwa na farasi kabla ya utalii, sisi hatukuwa nao. Mnyama wetu wa nyumbani ni punda, na Lamu, ambako kuna kliniki ya punda tangu mwaka 1987, ndiko angefaa zaidi. Ila ukirudi kwenye kipimo cha Blackpool, punda wa Lamu anaweza kumbeba mtoto wa mgeni au mzigo wa mgeni. Mgeni mwenyewe aende kwa miguu kando yake, na wala hilo si jambo baya.

Hoja zikipimwa

Marufuku ya jumla haina msingi, na uhuru wa jumla ndio uliotuletea farasi waliokonda. Unguja inaweza kubeba farasi wachache, kwenye njia za mashambani upande wa magharibi na kaskazini, asubuhi mapema na jioni, huku ufuo ukiwa kituo kifupi pale maji yanaporuhusu. Vijiji vya mwani visiingiwe wakati wa kupwa kwa bamvua. Hilo liamuliwe na kamati za vijiji hivyo, wala si na meneja wa hoteli. Diani ibaki na idadi ndogo ufukweni, mbali na Shimba, farasi wakilala ndani ya banda kabla ya magharibi. Lamu isilete farasi kabisa.

Kibali kiwe cha farasi mmoja mmoja, kwa alama yake, na kisitolewe kabla mwenyewe hajaonyesha vitu viwili: cheti cha chanjo ya mwaka huo, na majani ya miezi mitatu ghalani au fedha yake benki. Mizani iwekwe mahali mgeni anapolipia, apimwe kabla ya kutoa fedha. Siku ya mapumziko itajwe kwa jina ili mpita njia yeyote aweze kuikagua. Na mamlaka isiyoweza kumtuma daktari wa mifugo kumwona kila farasi walau mara moja kwa mwaka, kabla ya masika, isitoe kibali hata kimoja.